Mishahara ya Walimu wa Muda katika Bara Hindi

Ipo desturi moja katika mambo ya elimu, nayo imeonekana katika nchi nyingi: mwalimu huandikwa kwa muda, ati mpaka apatikane wa kudumu, kisha muda ule hurefuka ukawa miaka. Katika Bara Hindi desturi hii ilileta mashauri makubwa mahakamani, na habari zake zafaa kujulikana na kila mwalimu.

Shauri la kukumbukwa zaidi lilitoka jimbo la Haryana, karibu na mji wa Delhi. Huko zilikuwako nafasi nyingi za walimu zisizojazwa. Badala ya kuzijaza kwa utaratibu uliowekwa, serikali ya jimbo iliwaandika walimu wa muda mwanzoni mwa mwaka wa masomo, ikawaachisha kabla ya likizo ndefu ya kiangazi; shule zilipofunguliwa, ikawaita tena. Faida ya hila hiyo ni rahisi kuitambua: mwalimu aliyekwisha kuachishwa hadai mshahara wa likizo. Alifanya kazi ile ile ya mwenziwe wa kudumu. Lakini shule zilipofungwa, mwenziwe alikwenda kwao na mshahara, naye akaenda mikono mitupu, asijue kama ataitwa tena. Hata ruhusa ya uzazi na ya ugonjwa walinyimwa. Wazee hunena, mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Walimu hawa walipewa jembe tangu siku ya kwanza, lakini chakula cha wenyeji hawakupewa.

Wakapeleka madai yao moja kwa moja mbele ya Mahakama ya Juu ya nchi, na hukumu ikatolewa mwaka 1985. Mahakimu walisema kwamba serikali yapasa kuwa mfano wa mwajiri mwema, bali hapa ilijinufaisha kwa shida ya wasomi wasio na kazi, wanaokubali sharti lo lote wapate riziki. Tena waliwataja watoto: kuandika na kuachisha walimu ovyo hakukosi kuzidhuru shule na wanafunzi wake. Wakaona kuwa desturi ile yavunja ibara za 14 na 16 za katiba, zinazowapa watu usawa mbele ya sheria na katika kazi za serikali. Basi wakaamuru nafasi zile zijazwe kwa utaratibu. Na mpaka zijazwe, walimu wa muda wakae kazini, walipwe mshahara wa likizo, wapewe na ruhusa za uzazi na ugonjwa kwa wanaostahili.

Walakini mambo hayakuishia hapo. Mwaka 2006, katika shauri la jimbo la Karnataka, mahakimu watano wa mahakama ile ile walikaza kwamba mtu aliyeingia kazini pasipo utaratibu hawezi kudai kufanywa wa kudumu kwa sababu tu amekaa siku nyingi. Mwaka 2016, katika shauri la jimbo la Punjab, ilihukumiwa kwamba mtumishi wa muda afanyaye kazi sawa na wa kudumu astahili angalau kima cha chini cha mshahara wa kazi ile. Walimu wengi walishangilia. Lakini mwaka 2019 walimu wa jimbo la Bihar, zaidi ya 300,000, walioandikwa na mabaraza ya vijiji na miji, walishindwa. Mahakama ya jimbo lao ilikuwa imewapa haki ya mshahara sawa mwaka 2017. Mahakama ya Juu ikaitangua hukumu hiyo, ikisema kwamba wao na walimu wa zamani ni makundi mawili mbalimbali.

Katika mambo haya twaona kwamba hukumu ya mahakama ni ngao, nayo ngao humkinga aliyeishika. Mmoja alilipwa, mwingine akakataliwa, na kazi yao ilikuwa moja: darasa, ubao na watoto. Chanzo cha madai yote ni nafasi iliyoachwa wazi kwa kukwepa gharama, na mahakimu wa mwaka 1985 walikiona. Dawa ya deni ni kulipa. Na dawa ya nafasi iliyo wazi ni kuijaza, si kuiazima kila mwaka kwa mtu mwenye njaa.