Mtu na Ugonjwa Wake: Historia ya Neno "Leper" na Njia Yake hadi Hombolo

1. Utangulizi



Ukitoka Dodoma mjini kuelekea kaskazini-mashariki, kwa mwendo wa kilomita 40 hivi, unafika Hombolo. Baadhi yetu tunaijua Hombolo kwa bwawa lake lililojengwa mwaka 1957, wengine kwa mashamba ya zabibu, na wengine kwa Chuo cha Serikali za Mitaa kilichopo hapo. Lakini kwa muda mrefu jina hilo limebeba pia jambo jingine katika masikio ya watu wa Tanzania ya kati, nalo ni ukoma. Huduma ya ugonjwa huo iliyoendeshwa huko na Kanisa Anglikana iliwavuta watu waliotoka mbali, na wapo waliopona wasirudi tena makwao. Makazi yao huitwa Samaria.

Mhadhara huu haukusudii kueleza tiba, kwa kuwa hiyo si taaluma yangu. Unakusudia kuchunguza neno moja la Kiingereza, "leper", katika maana yake ya msingi na maana yake ya sitiari, na kuuliza Kiswahili kilifanya nini kilipokutana na dhana hiyo. Hoja yangu ni kwamba katika jambo hili sarufi ya Kiswahili ilikuwa na busara ambayo sisi watumiaji wake hatukuitunza sawasawa, na kwamba waliolipa gharama ya uzembe huo ni watu hai, wakiwamo wa Samaria.

2. Safari ya neno

Asili ya neno "leper" ni Kigiriki. Katika lugha hiyo "lepra" lilihusu ngozi yenye magamba, nalo linatokana na kitenzi chenye maana ya kumenya au kubambua. Madaktari wa Kigiriki hawakulitumia kwa ugonjwa tunaouita ukoma leo. Huo waliuita kwa jina lililotokana na tembo. Mkanganyiko uliingia kwa njia ya tafsiri. Wayahudi wa Aleksandria walipoyatafsiri maandiko ya Kiebrania kwa Kigiriki, walilitumia "lepra" badala ya neno la Kiebrania "tsaraath". Neno hilo halikuwa jina la ugonjwa mmoja. Katika kitabu cha Mambo ya Walawi, sura ya 13 na ya 14, linahusu madoa ya ngozi, na pia madoa ya nguo na ya kuta za nyumba. Lilikuwa, kwa hiyo, istilahi ya unajisi kabla ya kuwa istilahi ya utabibu.

Kutoka Kigiriki neno lilipita katika Kilatini na Kifaransa cha kale hadi kufika Uingereza. Hapo ndipo lilipotokea jambo la kutufikirisha. Katika Kiingereza cha kale cha Zama za Kati, neno hili lilimaanisha ugonjwa wenyewe. Baadaye likahama kutoka kwenye ugonjwa na kumwangukia mgonjwa. Ugonjwa ukatafutiwa jina jingine, "leprosy", na jina la kwanza likabaki kuwa la mtu. Kwa maneno mengine, mtu huyo hakuitwa kwa kazi yake, wala kwa ukoo wake, wala kwa kijiji chake. Alirithi jina la maradhi yake, kana kwamba ndani yake hakikubaki kitu kingine cha kutajwa.

Maana ya sitiari ilifuata nyuma ya hatua hiyo. Kamusi za Kiingereza za leo zinaandika maana ya pili ya neno hili kuwa ni mtu anayeepukwa na wenzake kwa sababu za kijamii au za kimaadili. Mwanasiasa aliyekimbiwa na chama chake huitwa hivyo, hata kama ngozi yake haina doa lolote. Mtumiaji wa sitiari hiyo huenda hajapata kumwona mgonjwa hata mmoja. Hata hivyo, ili aeleweke, ni lazima yeye na msikilizaji wake wawe wamekubaliana kimyakimya juu ya jambo moja: kwamba mwenye ugonjwa huu anastahili kukimbiwa. Sitiari, basi, haikuazima picha tu na kuirudisha kama ilivyokuwa. Kila inapotumika huyatia muhuri makubaliano hayo.

Neno jingine lilitembea pamoja na hilo, nalo ni "colony". Waingereza walilitumia kwa nchi walizozitawala na pia kwa mahali pa kuwatenga wagonjwa. Katika Afrika ya Mashariki maana zote mbili zilikuwapo kwa wakati mmoja. Mwaka 1931, nchini Uganda, Daktari Leonard Sharp alianzisha makazi ya namna hiyo katika kisiwa cha Bwama, ndani ya Ziwa Bunyonyi, na maji yakawa ukuta. Kiswahili kililipokea "koloni" kwa maana ya kisiasa peke yake. Kwa makazi ya wagonjwa kilitumia "kambi", neno ambalo watu wa Ugogo walilifahamu tangu zama za misafara iliyopita kwao kati ya Bagamoyo na Tabora. Kambi ni mahali pa kulala na kuondoka. Waliopelekwa katika kambi za ukoma hawakujua siku ya kuondoka.

3. Ukoma, mwenye ukoma, mkoma

Kiswahili kilikuwa na majina ya ugonjwa huu kabla ya hospitali za misheni. Kamusi zimehifadhi "ukoma", "matana" na "jedhamu", hili la mwisho likiwa limetoka Kiarabu. Lipo pia "mbalanga", ambalo ni la madoa meupe ya ngozi, na ambalo watu wengi walilichanganya na ukoma kama vile Wayahudi wa Aleksandria walivyochanganya.

Wapo wanaosema kwamba "ukoma" limetokana na kitenzi "koma", yaani kufika mwisho, kwa kuwa mgonjwa alihesabiwa kuwa amefika mwisho wake. Maelezo haya yanavutia, lakini hayana nguvu kimofolojia. Nomino zinazotokana na kitenzi hicho tunazijua: "kikomo" na "ukomo", zote zikiishia kwa irabu -o. Anayetaka "ukoma" liingie katika familia hiyo ana deni la ushahidi. Mfanano wa sauti hautoshi. La sivyo tungelazimika kuuingiza humo hata mti uitwao mkoma, ambao wingi wake ni mikoma na ambao ni jamii ya mnazi, usiohusiana kabisa na maradhi.

Tuje kwenye jina la mtu. Kiswahili kinatoa njia mbili. Njia ya kwanza ni kuichukua nomino ya ugonjwa na kuivika kiambishi cha ngeli ya watu: mkoma, wakoma. Njia ya pili ni kutumia -enye: mwenye ukoma, wenye ukoma. Tofauti kati ya njia hizi si ya mapambo. Katika "mkoma" mtu na ugonjwa wamekuwa neno moja, na hakuna kisu cha kuwatenganisha. Katika "mwenye ukoma" mtu anatangulia, na ugonjwa unamfuata kama kitu alicho nacho. Kitu ulicho nacho kinaweza kukutoka.

Watafsiri wa Biblia ya Kiswahili iliyotolewa mwaka 1952, ile iliyounganisha tafsiri za Mombasa na za Unguja, walichagua "mwenye ukoma" pale ambapo tafsiri mashuhuri ya Kiingereza ya mwaka 1611 ilikuwa imeandika "leper". Sidai kwamba walifanya hivyo kwa nadharia ya haki za binadamu. Walifuata njia iliyokuwa wazi katika lugha. Lakini matokeo yake ni kwamba msikilizaji wa Kiswahili aliyeketi kanisani alipewa msamiati uliomtenga mtu na maradhi yake, miongo mingi kabla ya Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa kupitisha, mwaka 2010, azimio la kukomesha ubaguzi dhidi ya walioathirika na ukoma na watu wa familia zao.

Hata hivyo, hatuna haki ya kujisifu. Nje ya kanisa, njia ya kwanza ndiyo iliyoshamiri. Tulisema na kuandika "kambi ya wakoma" bila kusita. Lugha ilitupa milango miwili, nasi tukapita ule mfupi.

4. Sitiari haikunywa dawa

Mwaka 1873, huko Bergen nchini Norway, Gerhard Armauer Hansen aligundua bakteria wanaosababisha ukoma. Katika miaka ya 1940 dawa za jamii ya dapsoni zilianza kutumika. Mwaka 1948 wataalamu wa ukoma waliokutana Havana walipendekeza neno "leper" liachwe kutumika kwa wagonjwa. Shirika moja kubwa la Kiingereza lililokuwa na neno hilo katika jina lake tangu karne ya 19 lililiondoa katika miaka ya 1960. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 Shirika la Afya Duniani lilipendekeza tiba ya mseto wa dawa, ambayo humponya mgonjwa kwa miezi 6 au 12 na kumfanya asiambukize muda mfupi tu baada ya kuianza. Tanzania, ambayo mwaka 1977 ilikuwa imeanzisha mpango wa taifa wa kudhibiti kifua kikuu na ukoma kwa pamoja, ilifikia mwaka 2006 lengo la kuwa na mgonjwa chini ya mmoja katika kila watu 10,000. Hata hivyo wagonjwa wapya bado hugunduliwa kila mwaka.

Maana ya msingi, kwa hiyo, imebadilika kabisa. Ukoma ni ugonjwa unaotibika, na watu walio wengi wana kinga ya asili dhidi yake. Hata ile imani kwamba vidole hukatika vyenyewe si sahihi: ugonjwa huua mishipa ya fahamu, na mkono usiohisi moto wala mwiba huumia mara kwa mara hadi ukaharibika. Lakini maana ya sitiari imebaki palepale ilipokuwa kabla ya Hansen. Mgonjwa amekunywa dawa, sitiari haikunywa.

Mtu anaweza kuniuliza: kubadili neno kunasaidia nini? Je, hii si tasfida tu, na kidole kilichopotea hakirudi kwa kubadilishiwa jina? Swali hili ni la haki, na jibu lake limo katika mwenendo wa ugonjwa wenyewe. Dalili ya mwanzo ya ukoma mara nyingi ni baka lisilouma. Aliyesikia tangu utotoni kwamba kuwa mkoma ni kufutwa katika orodha ya watu atalificha baka hilo chini ya nguo. Kadiri anavyolificha, mishipa inaharibika. Anapofika hospitali amekwisha kupata ulemavu, na ulemavu huo ndio unaowapa wengine picha ya kuendeleza sitiari. Neno linazaa aibu, aibu inazaa ucheleweshaji, ucheleweshaji unazaa ulemavu, na ulemavu unalishibisha neno. Ni heri duara hilo likatwe popote panapokatika.

Sisemi kwamba magonjwa yasitumike katika sitiari. Tunasema rushwa ni donda ndugu, na hakuna mtu anayedhalilika, kwa kuwa tumelinganisha uovu na jeraha. Shida huanza tunapolinganisha mtu na mtu, yaani tunapomfanya mgonjwa kuwa kipimo cha kumdharau mwenzake.

5. Jina la Samaria

Narudi Hombolo. Jina Samaria nalo lina maana ya msingi na maana ya sitiari. Kwa msingi ni mji na nchi ya kale huko Palestina. Kwa sitiari, kutokana na mfano ulioandikwa katika Injili ya Luka, sura ya 10, Kiswahili kimepata "msamaria mwema", na magazeti yetu hulitumia kila siku kwa mtu yeyote anayetoa msaada, awe Mkristo au Mwislamu. Matokeo yake ni kinyume cha ajabu: msamaria wa lugha ya kila siku ni mtoaji, ilhali wakazi wa Samaria ya Hombolo huonekana katika habari kama wapokeaji wa mchele, sabuni na mablanketi.

Lakini maandiko hayohayo yana Wasamaria wengine. Katika sura ya 17 ya Injili hiyohiyo, miongoni mwa watu kumi walioponywa ukoma, aliyerudi kushukuru alikuwa Msamaria. Na katika Kitabu cha Pili cha Wafalme, sura ya 7, watu wanne wenye ukoma wanaketi langoni pa mji wa Samaria uliozingirwa na njaa. Ndio wanaokwenda kambini kwa adui na kukuta amekimbia. Ndio wanaorudi kuupasha habari mji uliowaweka nje. Mji uliokoka kwa neno la watu ambao haukutaka kuishi nao.

6. Hitimisho

Kiingereza kilipoliondoa neno lake katika vitabu vya tiba, kililiacha mitaani. Kiswahili kina nyenzo za kufanya vizuri zaidi. Kina -enye, inayomweka mtu mbele. Kina pia njeo, ambayo nomino "leper" haina: tunaweza kusema "mwenye ukoma" kwa anayeumwa leo, na "aliyekuwa na ukoma" kwa aliyepona. Mzee aliyemaliza dawa miaka 30 iliyopita akaendelea kuitwa mkoma ananyimwa wakati uliopita, haki ndogo kabisa ambayo sarufi humpa kila msemaji.

Kwa hiyo nawaomba watunga kamusi, waandishi wa habari na walimu waliomo ukumbini watumie mlango wa pili. Na sisi wengine, tukifika Hombolo, tuwaulize wakazi wa Samaria majina yao kwanza. Wanayo, na walikuwa nayo kabla ya kuugua.