Salamu za Kiingereza kwa watoto wa Kolwezi: mambo ya kujua kwa wazazi na walimu

Ukiingia katika darasa ya masomo ya musingi ambamo wanafundisha Kiingereza, wanafunzi wanasimama wote mara moja na kupaza sauti: “Good morning, teacher!” Ni muzuri. Lakini uliza mutoto mumoja peke yake: “What is your name?” Mara mingi anarudilia tu: “What is your name?” Amekamata wimbo, hajakamata maana. Na muzazi ameshalipa makuta.

Juu ya nini Kiingereza? Kufuatana na Katiba ya mwaka 2006, Kifaransa ndiyo lugha ya serikali, na Kiswahili ni moja ya lugha ine za taifa, pamoja na Kikongo, Lingala na Tshiluba. Lakini shaba inayotoka Kolwezi inapita Kasumbalesa na kuingia Zambia, fasi Kiingereza ndiyo lugha ya serikali. Inchi yetu iko ndani ya SADC tangu 1997, na mwezi wa saba 2022 ilikuwa memba kamili wa Jumuiya ya Afrika Mashariki. Katika kampuni za madini pia, mwenye kutafuta kazi anaweza kuulizwa kama anajua Kiingereza.

Haya ndiyo makosa ine ambayo watoto wetu wanafanya, na namna ya kuyatengeneza.

Saa ya salamu. “Good morning” ni ya asubuhi mpaka midi. Kisha midi ni “Good afternoon”. “Good evening” inakuja jua likianza kutua. Sisi hapa, kisha tu kula cha midi, tunasema “bonsoir”. Basi mutoto naye anasema “Good evening” jua likingali kali. “Good night” yenyewe haiko salamu ya kukutana: ni ya kuagana, wakati watu wanaenda kulala.

Miaka. Kiswahili kinasema “niko na miaka kumi”, Kifaransa “j’ai dix ans”. Mutoto anatafsiri: “I have ten years.” Hapana. Kiingereza kinasema “I am ten years old”.

Sauti. Huku kwetu watu wengi wanasema “apana” na “abari”, kwa hiyo “Hello” inakuwa “ello”. Ambia mutoto aweke mukono mbele ya kinywa. Akisema “Hello” muzuri, atasikia pumzi. Kwa “thank you”, ncha ya ulimi inaingia kidogo katikati ya meno, isikuwe “senk you”.

Heshima. Kwa mukubwa sisi tunasema “muko muzuri, baba?” Kiingereza kina “you” moja tu kwa wote. Heshima inapatikana kwa kuongeza “sir” kwa mwanaume ao “madam” kwa mwanamuke.

Darasa ikiwa na watoto wengi, mwalimu hana lazima ya vyombo vya bei kali. Aeleze kwanza maana kwa Kiswahili. Sheria ya elimu ya mwaka 2014 inakubali lugha za taifa katika masomo. Kisha achukue mupira wa masashe, ule watoto wanajifungia wenyewe. Anayeurusha anauliza, anayeudaka anajibu na jina lake, kisha anarusha kwa mwengine. Maneno matatu kwa juma moja yanatosha.

Waambie watoto waseme ukweli wao. Jamaa nyingi zimefika hapa kutoka Dilolo, Sandoa ao Kapanga. Mutoto anaweza kusema: “I am from Sandoa. I live in Kolwezi.” Hapo anajua anachosema.

Muzazi asiyejua Kiingereza naye anaweza kupima. Mangaribi, uliza mutoto: “What is your name?” Akikujibu jina lake, kisha akakurudishia “And you?”, ujue makuta yako haikupotea. Akirudilia ulizo lako, usimupige wala usimucheke. Kesho uende kuongea na mwalimu.