Memnon na Kilio cha Alfajiri: Historia ya Mwanga Uliogeuka Sauti

Dhana ya mwanga kugeuka sauti hupatikana aghalabu katika kazi za fantasia, ambamo mtunzi ana uhuru wa kuvunja kanuni za maumbile apendavyo. Makala haya yanaichunguza dhana hiyo mahali ambapo fantasia na historia zimekutana, yaani katika sanamu iliyoko ng'ambo ya magharibi ya mto Nile, mkabala na mji wa Luxor nchini Misri, ambayo kwa takriban karne mbili ilisikika ikilia jua lilipochomoza. Tunakusudia kuuliza ni nani aliyeipa sauti hiyo maana, na maana hiyo imemtumikia nani.

Tuanze na jiwe lenyewe. Farao Amenhotep wa Tatu, aliyetawala katika karne ya 14 K.K., alisimamisha sanamu zake mbili, akiwa ameketi, mbele ya hekalu lake la mazishi. Kila moja ina kimo cha mita 18 hivi. Inaaminika kwamba tetemeko la mwaka 27 K.K. ndilo lililoivunja ile ya kaskazini, kiwiliwili na kichwa vikaporomoka. Sehemu iliyobaki ikawa yatoa sauti asubuhi. Strabo, mwanajiografia wa Kigiriki, alifika hapo miaka michache baadaye akifuatana na liwali wa Kirumi, Aelius Gallus. Sauti aliisikia, lakini akakiri kwamba hakuweza kujua kama ilitoka katika jiwe au kwa mmoja wa watu waliosimama karibu. Na yeye alielekea kuamini jambo lolote jingine kuliko kwamba mawe husema. Pausanias, aliyeandika katika karne ya 2 B.K., aliifananisha na mlio wa uzi wa kinubi unapokatika. Maelezo yanayokubaliwa na wengi leo ni kwamba unyevu wa usiku ulioingia katika nyufa ulipashwa moto ghafla na miale ya kwanza, nalo jiwe likatetema.

Wagiriki hawakuridhika na jiwe. Walimwona humo Memnon, mfalme wa Waethiopia katika visa vya vita vya Troy, mwana wa Eos, mungu wa kike wa alfajiri, aliyeuawa na Achilles. Kwa hiyo mlio ukawa salamu za mwana kwa mamaye kila kunapopambazuka. Ovid, katika kitabu cha 13 cha Metamorphoses, anasimulia kuwa umande ni machozi ya mama huyo anayemlilia mwanawe. Hapa Kiswahili kinatupa msaada ambao wahakiki wa Ulaya hawana. Kitenzi 'kulia' hutumika kwa mtoto, kwa mfiwa na kwa ngoma vilevile. Tunaposema sanamu ililia, hatulazimiki kuchagua kati ya fizikia na msiba. Tena umande, ambao kwa mshairi ni chozi, kwa mwanasayansi ndio chanzo cha mlio.

Habari hizi zilivuta wageni wengi. Katika miguu ya sanamu kumehesabiwa maandishi 107, yote kwa Kigiriki au Kilatini. Askari, maliwali na wake zao walichora majina yao na saa waliyosikia. Yaliyo bora kifasihi ni ya Julia Balbilla, mshairi aliyekuwa katika msafara wa Kaisari Hadrian na mkewe Sabina mnamo Novemba 130 B.K. Alitunga tungo nne kwa lahaja ya Kiaeoli, lahaja ya Sappho, ambayo wakati huo ilikuwa ya kale mno. Siku ya kwanza Memnon alinyamaza. Balbilla hakuiona hiyo kuwa aibu. Alidai kwamba Memnon alinyamaza ili Sabina mzuri apate kurudi tena. Ni ufundi wa mshairi wa ikulu, nao tunaujua sana katika tenzi za sifa za kwetu.

Tofauti ni kubwa tukimgeukia Philostratus, aliyeandika mwanzoni mwa karne ya 3. Katika maisha ya Apollonius anamchora Memnon kama kijana asiye na ndevu, wa jiwe jeusi, anayesema mara mwale unapomgusa midomo. Maelezo haya ndiyo yaliyopendwa zaidi na vizazi vilivyofuata. Lakini katika karne ya 1, Apollonius alipoishi, midomo hiyo ilikuwa chini mavumbini! Sanamu ilitengenezwa baadaye, kwa matofali makubwa ya mawe yanayoonekana hadi leo, na tangu hapo haikulia tena. Jean-Antoine Letronne alilieleza hilo mwaka 1833: iliposhonwa ufa, sauti ilikwisha. Mapokeo huitaja kazi hiyo kuwa ya Kaisari Septimius Severus, ingawa baadhi ya wanahistoria wanapinga.

Hoja hii ina uzito kuliko inavyoonekana. Katika mihadhara yake kuhusu ujumi, iliyochapishwa baada ya kifo chake cha 1831, Hegel aliifanya sanamu hii kuwa ishara ya sanaa ya Misri nzima. Kwake, Memnon hana roho iliyo huru ndani yake; hungoja mwanga wa nje umtoe sauti, hali binadamu husema kutoka moyoni mwake mwenyewe. Msomaji wa fasihi ya Kiafrika anaitambua hoja hiyo hata ikivaa kanzu nyingine, kwa mfano pale riwaya zetu zinapohesabiwa kuwa mwangwi tu wa shule za wageni. Ila Hegel alijenga juu ya sanamu ya Philostratus, ile yenye midomo. Jua liliwaka juu ya sanamu zote mbili, na ya kusini haikulia. Mlio ulitoka katika jeraha la ile moja, na katika maji iliyoyahifadhi usiku.

Wenyeji nao walikuwa na neno lao. Pausanias anaeleza kwamba watu wa Thebes walikataa kuwa huyo ni Memnon. Walimtaja Phamenoph, mtu wa nchi yao. Balbilla pia, katikati ya sifa zake, anataja kuwa makuhani wanaojua habari za kale humwita Amenoth. Jina hilo, Amenhotep, lilikuwa limechongwa katika jiwe lenyewe kwa hieroglifu, karibu na miguu ambapo wageni walichora yao.