Hanako, Mwana wa Ua

Kwenye ofisi za wilaya na benki nchini Japani huwekwa fomu ya mfano iliyokwisha kujazwa, ili asiyejua aandike nini na wapi apate kuiga. Mwanamume wa kwenye fomu hiyo mara nyingi huitwa Yamada Tarō, na mwanamke huitwa Yamada Hanako. Hawajawahi kuzaliwa, wala hawazeeki, lakini hakuna Mjapani asiyewajua. Tarō ni jina la kale la mtoto wa kwanza wa kiume. Wa pili huwa Jirō na wa tatu Saburō, na anayewajua Kurwa na Doto hahitaji maelezo zaidi. Mwenye hadithi ndefu ni Hanako.

Mswahili akiambiwa kuna binti anaitwa Hana, huenda akauliza: hana nini? Kwa Kijapani hana ni ua, na ko ni mtoto. Jina lote basi ni mwana wa ua, na lingeweza kuishia hapo, jina jepesi la msichana mzuri. Lakini sehemu yenye historia si ua. Ni ile silabi ndogo ya mwisho, ko, ambayo mgeni huipita akidhani ni kiambishi cha kumpendeza mtoto.

Sisi wa pwani tuna ufunguo wake mkononi. Tuna Mwanaisha, Mwanajuma, Mwanakombo. Bibi wa visiwa vya Lamu aliyemtungia utendi binti yake Mwana Hashima, akimwusia namna ya kuishi, tunamwita Mwana Kupona, naye alikuwa mtu mzima, mama na mjane. Mwana katika majina hayo si mdogo wa umri bali ni mtu wa heshima, mtoto wa watu. Ko ya Kijapani ilianza safari yake mahali papo hapo, ila ilianzia kwa wanaume.

Mwaka 607 baraza la kifalme la Japani lilituma mjumbe kwa mfalme wa nasaba ya Sui huko China. Mjumbe huyo, Ono no Imoko, alikuwa mwanamume, ingawa leo jina lake lingemfanya Mjapani asiyejua historia amtafute mwanamke. Wakati huohuo mtu aliyeshika hatamu za nchi alikuwa waziri mkuu Soga no Umako, aliyefariki mwaka 626, na Umako ni mwana wa farasi. Herufi inayoandika ko ilitoka China, na huko wanafunzi waliiweka mwishoni mwa majina ya walimu wao kama alama ya heshima. Confucius kwa Kijapani ni Kōshi, na hiyo shi ni ko yetu ileile, iliyosomwa kwa sauti ya Kichina.

Ilihamaje kwa wanawake? Kisa kinapitia nyumba ya mfalme mmoja aliyekuwa na watoto wengi kupita uwezo wa hazina yake. Mfalme Saga, aliyetawala kuanzia 809 hadi 823, alizaa watoto karibu 50. Mwaka 814 alianza kuwapunguza: baadhi yao aliwatoa katika ukoo wa kifalme, akawapa jina la ukoo la Minamoto na kuwafanya raia, ili wajitegemee. Sasa ikabidi mabinti waliobaki na wale waliotolewa watofautishwe, na tofauti ikawekwa mwishoni mwa majina yao. Waliobaki wana wa mfalme walipewa majina yenye ko, kama Masako. Waliotolewa walipewa hime, kama Minamoto no Kiyohime. Wakubwa wa ukoo wa Fujiwara, waliokuwa wakiwaoza mabinti zao kwa wafalme, wakaiga, na kwa miaka elfu moja iliyofuata ko ikawa jina la ikulu. Mkulima asingethubutu kumwita hivyo bintiye.

Ajabu ni kwamba majina haya ya fahari yalikuwa hayatajwi. Jina la mwanamke lilikuwa sehemu ya mwili wake. Katika shairi linalofungua Man'yōshū, diwani iliyokusanywa karne ya 8, mfalme anamkuta msichana akichuma mboga mlimani na kumtaka ataje nyumba yake na jina lake. Hiyo ilikuwa posa. Ndiyo maana waandishi wawili wakubwa wa kike wa miaka ya 1000 hatuwajui kwa majina yao halisi. Murasaki Shikibu, mtunzi wa Hadithi ya Genji, ana lakabu tu, na nusu yake ni cheo cha baba yake. Sei Shōnagon naye ni kipande cha jina la ukoo kikiunganishwa na cheo. Malkia waliowatumikia majina yao yameandikwa katika kumbukumbu za serikali, yakiwa na ko mwishoni, lakini herufi za Kichina zinaweza kusomwa kwa njia nyingi, na hakuna aliyeandika mama zao waliwaitaje. Wanazuoni hukwepa mtego huo kwa kuwasoma kwa sauti ya Kichina, Teishi na Shōshi. Sauti ambazo walizigeukia wakiitwa zimepotea.

Nje ya kuta za ikulu watu waliendelea kuzaa na kuita watoto wao kwa majina ya kawaida. Katika zama za Edo, kuanzia karne ya 17, msichana wa kawaida aliitwa kwa silabi mbili: Haru, majira ya kuchipua, Ume, mti wa plamu, Kame, kobe, ili aishi siku nyingi, Tora, chui milia. Wazazi waliochoka kuzaa walimwita mtoto Tome, yaani koma, au Sue, wa mwisho, na mara nyingine Sue akafuatwa na wadogo zake watatu. Mbele ya jina iliwekwa o ya adabu: O-Haru, O-Kame. Hana alikuwamo humo, miongoni mwa wachota maji na wasuka hariri, bila ko yoyote.

Serikali mpya ya Meiji ndiyo iliyovuruga mpangilio huu, na haikukusudia. Mwaka 1870 iliwaruhusu raia wa kawaida kuwa na majina ya ukoo, na mwaka 1875 ikawalazimisha. Mwaka 1872 ilifanya daftari la familia zote nchini, na mtu aliyezoea kubadili jina kila anapobadili hali sasa akafungwa na moja. Daftari lilitaka jina lisilohama. Lakini kalamu ilikuwa huru, na wanawake waliokuwa wakipata elimu wakagundua kwamba hakuna polisi anayekagua sahihi kwenye barua. Aliyeandikishwa kwa silabi mbili akajiongezea ya tatu.

Noti ya yeni 5,000 inasimulia jambo hili bila kujua. Kuanzia 2004 ilikuwa na picha ya mwandishi Higuchi Ichiyō, aliyeandikwa Natsu daftarini na akapenda kutia sahihi Natsuko. Mwaka 2024 nafasi yake ikachukuliwa na Tsuda Umeko. Huyu alizaliwa mwaka 1864, na inasimuliwa kwamba baba yake, aliyetarajia mvulana, alikasirika akatoka nyumbani, hata siku ya saba, ambayo ndiyo siku ya kumpa mtoto jina, hakuonekana. Mama akakiangalia chungu cha mti wa plamu kilichokuwa karibu na kitanda akamwita mtoto Ume. Akiwa na miaka 6 tu alipandishwa meli na wasichana wengine wanne kwenda kusoma Marekani. Alirudi akiwa amesahau Kijapani, akajifunza upya, na mwaka 1900 akafungua shule ya juu ya wanawake mjini Tokyo. Mwaka 1902, mwanamke wa karibu miaka 40 asiye na mume, aliandikisha nyumba yake mwenyewe, na hapo Ume akawa Umeko kisheria. Mshairi Yosano Akiko alikwenda mbali zaidi: alizaliwa akiitwa Shō, akachagua herufi inayoweza kusomwa Shō, akaisoma Aki, kisha akabandika ko.

Si vigumu kuona walichokuwa wakikitaka. Miaka elfu ya ikulu ilikuwa imelala ndani ya silabi hiyo, na sasa binti wa mfanyabiashara angeweza kuivaa kama kanga mpya.

Mwaka 1893, huko Kōfu, mji uliozungukwa na milima magharibi ya Tokyo, alizaliwa binti wa ukoo wa Annaka akaitwa Hana. Wazazi hawakuwa na mali, lakini mtoto alikuwa na kichwa, akapelekwa katika shule ya wasichana ya wamisionari wa Kanada mjini Tokyo, na huko Kiingereza kikamwingia. Ulimwengu wa vitabu ukamjua kwa jina la Muraoka Hanako. Mwaka 1939, vita vikinukia, mmisionari mmoja wa Kanada aliyekuwa akirudi kwao alimwachia riwaya ya L. M. Montgomery kuhusu yatima mwenye nywele nyekundu. Hanako aliitafsiri katika miaka ambayo Kiingereza kilikuwa lugha ya adui, na mabomu yalipoanguka Tokyo aliuokoa mswada. Kitabu kilitoka mwaka 1952, na wasomaji wa Japani hawajakiacha tangu hapo. Yatima yule, Anne, anakataa kuandikwa jina lake bila herufi e mwishoni. Anaona bila hiyo jina linakuwa kavu. Shirika la utangazaji la NHK lilipotengeneza tamthilia ya maisha ya mfasiri huyu mwaka 2014, lilimwonyesha akiwa msichana mdogo wa kijijini akiwakera watu kwa kudai aitwe Hanako, si Hana. Herufi moja huku, silabi moja kule.

Jina hilo lilikuwa limeshavuka bahari kabla yake. Ōta Hisa, mcheza dansi aliyezaliwa mwaka 1868, alizunguka Ulaya kwa jina la jukwaani la Hanako. Mchongaji Rodin alimwona Marseille mwaka 1906 na hakuchoka kumchonga. Sanamu na vinyago vya uso wake vilizidi 50. Alipohitaji jina ambalo Wazungu wangelikumbuka na kulihusisha na Japani, Hisa halikufaa. Hanako lilifaa.

Kisha ko ikafurika. Enzi ya Shōwa ilipoanza Desemba 1926, wazazi walichukua herufi ya pili ya jina la enzi hiyo, ambayo husomeka pia kazu na ina maana ya amani, wakaiunganisha na ko. Mwaka uliofuata Kazuko likawa jina lililoongoza, na kwa miaka mingi halikushushwa. Darasa la wasichana la wakati huo lilikuwa msitu wa Kazuko, Yōko, Sachiko na Kyōko. Kilichokuwa taji kikawa sare ya shule.

Hata wanyama walipewa. Katika bustani ya wanyama ya Ueno, Tokyo, alikuwepo tembo jike kutoka Thailand aliyeitwa Hanako. Jina lilimfaa kwa mzaha pia, kwa kuwa hana ikitamkwa kwa kupanda na kushuka tofauti kidogo ni pua. Agosti 1943 wakuu wa mji waliamuru wanyama hatari wauawe, wakihofia kwamba mabomu yangevunja vizimba. Ueno ilikuwa na tembo watatu, John, Tonky na Hanako, na wote wakanyimwa chakula. John alitangulia kufa Agosti. Tarehe 4 Septemba ikafanywa ibada ya kuwaombolea wanyama waliokufa, ilhali Hanako na Tonky walikuwa bado hai na njaa yao, wamefichwa. Walikufa mwezi huohuo.

Vita vilipokwisha, Thailand ilileta tembo mwingine, mtoto wa miaka miwili. Ilikuwa 1949, na watoto wa Tokyo walikuwa hawajaona tembo kwa miaka sita. Akapewa jina la marehemu. Hanako huyu wa pili alihamishiwa bustani ya Inokashira mwaka 1954, akaua watu wawili, akafungwa minyororo, akapona hasira yake taratibu mikononi mwa mtunzaji mvumilivu, na akaishi peke yake kwenye zege hadi Mei 2016, akiwa na miaka 69. Sanamu yake ya shaba iko mbele ya kituo cha treni cha Kichijōji, na watu hupeana miadi hapo.

Wakati tembo anazeeka, jina lake nalo lilikuwa linazeeka. Aprili 1959 mwana wa mfalme alimwoa Shōda Michiko, binti wa tajiri wa unga asiye wa ukoo wa kikabaila, na nchi ikaitazama harusi kwenye televisheni. Ko ilipata sherehe yake ya mwisho kubwa. Baada ya hapo wazazi walianza kuipunguza. Kufikia katikati ya miaka ya 1980 majina ya ko yalikuwa yametoka kwenye orodha ya kumi bora. Hanako akabaki wa fomu, na wa vyoo pia: watoto wa shule walisimuliana kwamba ukigonga mara tatu mlango wa tatu wa choo cha wasichana kwenye ghorofa ya tatu na kuita, Hanako-san ataitika. Mzuka, ili uwe wa kila shule, ulihitaji jina la kila mtu.

Wazazi wa sasa wamehamia kwenye herufi na usomaji. Sheria inawapangia herufi zipi zinaruhusiwa, lakini kwa muda mrefu haikuwauliza zinasomwaje, hata walimu wakawa wanasita kuita mahudhurio. Tangu Mei 2025 matamshi nayo yanaandikwa daftarini. Ikulu peke yake haijatikisika. Binti wa mfalme wa sasa alizaliwa Desemba 2001, na siku ya saba, siku ileile ambayo baba yake Ume hakuonekana, alipewa jina Aiko, kutoka katika maandiko ya Mencius kuhusu kuwapenda watu. Ko imerudi ilikotoka kwa Mfalme Saga, na inakaa huko karibu peke yake. Huku nje, miongoni mwa majina ambayo wazazi vijana wanayapenda tena, yamo yale mafupi ya bibi zao wa zamani, na mojawapo ni lile ambalo binti wa Kōfu aliliongezea silabi: Hana.