Mpenzi wa Zamani katika Riwaya ya Kiswahili: Nani Mwenye Haki ya Kuyafunga Yaliyopita?

Katika masimulizi ya mapenzi, mpenzi wa zamani huchukuliwa mara nyingi kuwa mhusika wa pembeni: hutokea wakati wa posa, huzua fitina, kisha hutoweka. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba nafasi yake ni kubwa kuliko hiyo. Kupitia kwake mwandishi huuliza swali la mamlaka: ni nani mwenye haki ya kutangaza kwamba yaliyopita yamepita?

Tuanze na lugha yenyewe. Kiswahili cha pwani kina neno mtalaka, yaani mtu aliyeachana na mwenzake kwa talaka. Mpenzi ambaye hapakuwa na ndoa kati yake na mwenziwe hana neno lake maalumu. Hana budi kuelezwa kwa maneno mawili au matatu: aliyekuwa mpenzi, mchumba wa zamani. Sheria ya Kiislamu, iliyoongoza ndoa za Waswahili wa pwani kwa karne nyingi, iliyawekea mipaka yaliyopita. Mtalaka alikaa eda. Na mume aliyetoa talaka tatu hakuweza kumrudia mkewe mpaka mke huyo aolewe na mwingine na ndoa hiyo nayo iishe. Mapenzi ya nje ya ndoa hayakuwa na eda, kwa hiyo hayakuwa na siku ya kwisha.

Riwaya imeingia katika pengo hilo. Mfano ulio wazi ni Rosa Mistika ya Euphrase Kezilahabi (1944-2020), iliyotoka mwaka 1971. Rosa, binti wa Ukerewe, anapigwa na baba yake, Zakaria, kwa sababu ya barua ya kijana Charles. Ukali huo haumlindi. Akiwa mbali na nyumbani kwa masomo, anaingia katika mahusiano na wanaume kadhaa, wakiwamo wenye vyeo. Baadaye Charles anamchumbia, kisha anamwacha alipogundua kwamba si bikira. Rosa anajiua.

Izingatiwe kwamba wapenzi wa zamani wa Rosa hawahitaji kuja kutoa ushahidi. Mwili wake mwenyewe umegeuzwa kuwa shahidi. Wao wenyewe hawaulizwi lolote. Tena, Charles ni mpenzi wa zamani na hakimu kwa wakati mmoja: anarudi kudai yaliyopita yanayompendeza na kuadhibu yasiyompendeza. Nchini Tanzania kitabu hiki kilizuiwa shuleni kwa muda, kana kwamba hatari ilikuwa katika kuyataja mambo hayo, wala si katika kuyatenda.

Msomaji wa Lubumbashi ana sababu zake za kulitambua swali hili. Mji wetu ulianzishwa mwaka 1910, na katika miaka ya mwanzo Union Minière iliwaajiri wanaume kwa mikataba mifupi, wengi wakiwa mbali na wake zao. Kuelekea mwisho wa miaka ya 1920 kampuni ilibadili siasa yake: ilitaka mfanyakazi akae kambini na mke na watoto, na posho ikahesabiwa kwa familia. Kisha amri ya serikali ya Kibelgiji ya mwaka 1950 ikapiga marufuku ndoa mpya za wake wengi. Katika utaratibu wa namna hiyo, mke aliyeandikwa ndiye aliyekuwapo. Aliyebaki kijijini aliweza kuwa wa zamani bila talaka kutamkwa na bila yeye kuulizwa.

Kwa hiyo, pwani sheria ilipanga mwisho wa ndoa. Kambini daftari liliweza kuupanga. Katika riwaya ya Kezilahabi neno la mwanamume mmoja linatosha. Katika hali zote tatu, sauti ya mwanamke ndiyo iliyo dhaifu zaidi.

Darasani nimewasikia wanafunzi wakisema kwamba Rosa alijiharibia mwenyewe. Usomaji huo unamrudia Charles na kuithibitisha hukumu yake. Napendekeza kwamba kila tunapokutana na mpenzi wa zamani katika riwaya, tusiishie kuuliza alitenda nini. Tuulize pia nani amemwita arudi, nani amemfukuza, na nani hakuruhusiwa kusahau. Huenda hapo tukaona kwamba Rosa alihukumiwa kwa yaliyopita ambayo hakuyafanya peke yake.