Chuo Kikuu cha Xiamen: Mali ya Ughaibuni, Elimu ya Nyumbani

Tarehe 6 Aprili 1921 Chuo Kikuu cha Xiamen kilifunguliwa kikiwa hakina hata jengo moja la kwake. Wanafunzi wake 98 wa mwanzo walisoma katika madarasa ya kuazima huko Jimei, kijiji cha pwani kinachotazamana na kisiwa cha Xiamen, mkoani Fujian, kusini mwa China. Kilichokuwepo ni ahadi ya mtu mmoja. Tan Kah Kee, mfanyabiashara wa Singapore na mzaliwa wa kijiji hichohicho, alikuwa amejifunga kutoa dola milioni 4: milioni 1 ya kuanzishia chuo na milioni 3 za kukiendesha.

Tan alizaliwa 1874. Mwaka 1890, akiwa kijana wa miaka 16, alipanda meli kwenda Singapore kumsaidia baba yake katika duka la mchele, kama walivyofanya vijana wengi wa Fujian kabla yake. Mwaka 1903, aliporudi Singapore baada ya kwenda kumzika mama yake, alikuta biashara ya baba imeanguka na madeni yamejaa. Sheria ya Singapore haikumdai mtoto deni la mzazi. Tan alilichukua mwenyewe, na miaka michache baadaye akapatana na wadai akalimaliza. Kwa wafanyabiashara wa Kichina wa pale lilikuwa jambo kubwa mno. Jina zuri alilolipata ndilo lililowafanya watu, miaka mingi baadaye, wamkabidhi michango yao bila wasiwasi.

Mwaka 1904 alifungua kiwanda cha nanasi za makopo. Wenye viwanda wengine walikimbilia mikato ya kawaida, yenye oda kubwa. Yeye aliyapitia makampuni ya Wazungu akitafuta oda ndogondogo za mikato ya pekee, ambazo wenzake waliziona usumbufu, na humo ndimo faida ilimokuwa. Mwaka 1906 alinunua mbegu 180,000 za mpira kwa dola 1,800 akazipanda katikati ya minanasi yake. Kufikia miaka ya 1920 alikuwa miongoni mwa matajiri wakubwa wa Asia ya Kusini-Mashariki, na viwanda vyake vilitoa hadi viatu vya raba.

Fedha hizo zilikwenda shuleni. Mwaka 1913 alijenga shule ya msingi Jimei, juu ya bwawa la samaki lililofukiwa. Zikafuata sekondari na shule ya ualimu, kisha mafunzo ya uvuvi na ubaharia. Huko Singapore, mwaka 1919, aliongoza kuanzishwa kwa sekondari iliyopokea watoto wa Wachina wote. Kwa wakati ule hilo halikuwa jambo dogo, maana Wahokkien, Wateochew, Wakantoni na Wahakka kila kundi lilikuwa na chama chake, lugha yake na shule zake. Kuwakalisha watoto wao darasa moja kulihitaji mtu anayesikilizwa na pande zote.

Kwa Xiamen alichagua uwanja wa zamani wa mazoezi ya jeshi la Zheng Chenggong, jemadari wa karne ya 17, kati ya hekalu la Nanputuo na bahari. Mkuu wa chuo aliyedumu, kuanzia 1921 hadi 1937, alikuwa Lim Boon Keng, daktari wa Singapore aliyesomea Edinburgh. Mwandishi Lu Xun alifundisha pale kwa miezi michache mwaka 1926, akaondoka hajaridhika.

Mtihani halisi ulikuja na mdororo wa uchumi wa 1929. Bei ya mpira iliporomoka, madeni ya Tan yakapanda, na mwaka 1931 benki zikaigeuza biashara yake kuwa kampuni ya hisa chini ya usimamizi wao. Alishauriwa aache kuzilisha shule ili aiokoe kampuni. Akakataa. Aliuza nyumba zake kubwa ili mishahara ya walimu ilipwe, na mwaka 1934 kampuni ikafungwa. Wapo waliomwona mbishi, maana kampuni hai ingeweza kusaidia chuo kwa miaka mingi zaidi. Mimi naona alipima sawasawa. Kampuni inaweza kuanzishwa upya mahali popote, ila chuo kikishawatawanya walimu na wanafunzi wake, kukikusanya tena ni kazi ya kizazi kizima. Alipoona hawezi tena, alikikabidhi kwa serikali mwaka 1937 bila kudai chochote.

Vita na Japani vilianza Julai ya mwaka huohuo. Chuo kilihamia Changting, mji mdogo wa milimani magharibi mwa Fujian, chini ya mkuu mpya, mwanafizikia Sa Bendong. Taa zilikuwa shida, hivyo Sa aliifungua injini ya gari alilopewa kwa cheo chake ikafanywa jenereta ya kuwashia madarasa. Mgongo wake ulipomsumbua, alivaa fulana ya chuma akaendelea kufundisha.

Naye Tan, huko Singapore, tangu 1938 aliongoza umoja wa Wachina wa Asia ya Kusini-Mashariki uliochangia China vitani. Kwa mwito wake madereva na mafundi magari wapatao 3,200 walikwenda kufanya kazi kwenye barabara ya Burma, iliyoipelekea China mahitaji ya vita, na wengi hawakurudi. Singapore ilipotekwa mwaka 1942 alijificha Java kwa jina la bandia hadi vita vilipokwisha.

Mwaka 1950 alirudi kuishi Jimei. Akiwa na miaka zaidi ya 75, alisimamia ujenzi mpya wa chuo, ukiwemo ukumbi mkubwa wa Jiannan, kwa fedha za mkwewe Lee Kong Chian. Ni majengo ya kuta za mawe na mapaa ya Kichina yaliyopinda pembeni. Mabweni ya Furong yalipewa jina la kijiji cha kwao Lee. Tan alikataa katakata jengo lolote liitwe kwa jina lake.

Alifariki Beijing tarehe 12 Agosti 1961 akazikwa Jimei. Akiba yake hakuwaachia watoto. Mwaka 2016 Chuo Kikuu cha Xiamen kilifungua kampasi Sepang, Malaysia, katika nchi ambayo mpira wake ulichangia kukijenga, na sasa vijana wa Malaysia na wa China wanasoma humo pamoja.