Maskini na Pesa Zao, The Hague 1882

Sisi Wakenya tukisikia The Hague, akili hukimbilia mahakamani. Mimi, niliyelea watoto kwa kuchora mabango ya maduka, huiwaza foleni ya bahati nasibu.

Asubuhi moja ya mvua, mwaka 1882, mchoraji Mholanzi Vincent van Gogh alipita mtaa wa Spuistraat mjini humo akakuta umati mlangoni mwa ofisi ya bahati nasibu ya serikali. Wengi walikuwa vikongwe, pamoja na watu wa aina ile ambayo huelewi wanaishije. Kwanza shauku yao aliiona ya kitoto. Halafu akafikiria shida zao, na kwamba senti iliyonunua tiketi huenda ndiyo iliyokuwa ya chakula. Akawachora kwa rangi za maji, akamwandikia mdogo wake Theo kwamba picha ile ina maana zaidi ukiitazama kama maskini na pesa. Wengi ndani yake wametupa mgongo. Fundi mchanga angetuchorea machozi. Yeye alichora mabega yaliyosongana.

Pesa zilimkaba yeye pia. Alikuwa na miaka 29, na mkate wake ulitoka mfukoni mwa Theo. Mwezi Machi mwaka huohuo, ami yake Cornelis, mfanyabiashara wa picha wa Amsterdam, alimtembelea akavutiwa na mchoro mdogo wa Paddemoes, kitongoji cha watu wa hali ya chini. Van Gogh aliuanza usiku wa manane akizurura na mchoraji mwenzake, George Breitner, kijana ambaye naye alitaka kuwa mchoraji wa watu wa kawaida. Ami akaagiza picha 12 za mji, kila moja gilda mbili na nusu. Jumla gilda 30. Mteja anayeagiza kwa dazeni namjua vizuri, hata sina haja ya kumweleza.

Waliochorwa walilipwa, jambo ninalolipenda kuliko yote. Mzee Adrianus Zuyderland, aliyetunzwa katika nyumba ya wazee wasiojiweza, alikuja na koti lake lenye namba 199 mkononi. Alichorwa amevaa kofia ndefu, amebeba mwavuli, na katika mchoro mwingine ameketi kichwa mikononi. Sien Hoornik, mshonaji aliyewahi kuuza mwili wake, alikuwa mjamzito na ana binti mdogo walipokutana. Alianza kwa kukaa achorwe, baadaye wakaishi pamoja.

Mapema mwaka 1883 Van Gogh alitia vibao kwenye madirisha ya chumba chake cha kazi ili auongoze mwanga, akaunda humo jiko la supu ya maskini. Waliopanga foleni ni Sien na jamaa zake. Sidhani kama kuna aliyehitaji kuelekezwa namna ya kushika bakuli. Ndiyo maana sikubaliani na wanaosema aliwahurumia tu: alijua bei ya saa moja ya mtu kusimama, na aliilipa kwa pesa ambazo yeye mwenyewe alizikopa au kuzisubiri kwa posta.

Septemba 1883 alimwacha Sien na watoto, akaenda mkoa wa Drenthe peke yake. Waandishi wengi huisimulia safari hiyo kama kisa cha mapenzi. Mimi naona pia hesabu: pesa za Theo, vinywa vinne, na picha ambazo karibu hakuna aliyezinunua.